Kisa cha Manuel Conde: filamu iliyofika Venice, ikakosekana Manila

Mwaka 1952 mashindano ya tamasha la filamu la Venice, Italia, yalijaa vigogo. Simba wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha hilo, alichukuliwa na René Clément wa Ufaransa. Zawadi zilizofuata zikaenda kwa John Ford, Roberto Rossellini na Kenji Mizoguchi. Aliyesoma historia ya sinema hata kwa kuparamia anayajua majina hayo. Humo humo kwenye mashindano kulikuwa na filamu nyeusi na nyeupe, ya dakika 90 hivi, kuhusu ujana wa Genghis Khan. Haikutoka Hollywood, wala Moscow, wala Mongolia kwenyewe. Ilitoka Manila, mji ambao miaka 7 tu nyuma ulikuwa kifusi. Aliyeiongoza ndiye aliyeitengeneza kwa kampuni yake mwenyewe, na ndiye huyo huyo aliyejivika mavazi ya vita akacheza nafasi ya Genghis Khan. Jina lake Manuel Conde.

Nje ya Ufilipino ni wachache wanaomjua, na hata huko kwao kwa miaka mingi alikumbukwa zaidi kwa vichekesho vyake. Filamu yenyewe ilikuwa haionekani. Ilitajwa vitabuni na kusifiwa na wazee waliowahi kuiona, lakini kijana wa Manila aliyetaka kuitazama hakuwa na pa kwenda. Ilibidi ifike mwaka 2012 ndipo ikarejeshwa katika hali ya kuoneshwa, tena kwa kazi iliyofanyika Italia.

Watu wengi wakisikia habari hii hukimbilia jibu moja: Wazungu hawakumthamini Mwasia. Mimi sikubaliani nalo. Walimpokea, wakampa nafasi ya kushindana na wakubwa, na Wamarekani wakaichukua filamu kuisambaza. Kilichomwangusha Conde kilikuwa karibu naye zaidi, na kinaeleweka vizuri zaidi tukianza na namna alivyofanya kazi.

Fundi wa Daet

Alizaliwa tarehe 9 Oktoba 1915 mjini Daet, jimbo la Camarines Norte, upande wa kusini-mashariki wa kisiwa cha Luzon, na jina alilopewa ni Manuel Pabustan Urbano. Conde ni jina la kazi. Wakati anazaliwa Ufilipino ilikuwa koloni la Marekani baada ya zaidi ya miaka 300 chini ya Hispania, na filamu ndefu ya kwanza kutengenezwa na Mfilipino ilikuwa bado. Hiyo ilikuja mwaka 1919, kazi ya José Nepomuceno, mpiga picha aliyeacha studio ya picha za kawaida akanunua mashine za sinema.

Kufikia mwisho wa miaka ya 1930 Manila ilikuwa na studio za kueleweka. Mojawapo ni LVN, iliyoanzishwa mwaka 1938 na familia tatu ambazo herufi za majina yao ndizo zilizounda jina la kampuni: de Leon, Villonco na Navoa. Mwendeshaji wake alikuwa mama mmoja mkali wa hesabu, Narcisa de Leon, ambaye mji mzima ulimwita Doña Sisang. Hapo ndipo Conde alipoiva. Filamu yake ya kwanza kama mwongozaji ni ya mwaka 1940, na mwaka uliofuata alikuwa msimamizi wa ufundi kwenye Ibong Adarna, hadithi ya ndege wa ajabu anayeponya kwa wimbo wake, iliyoongozwa na Vicente Salumbides.

Ibong Adarna inastahili kutajwa kwa sababu mbili. Ya kwanza, ni miongoni mwa filamu tano hivi tu za Ufilipino za kabla ya vita zilizosalia hadi leo. Nchi ilitoa filamu nyingi miaka ile. Zilizobaki unazihesabu kwa vidole vya mkono mmoja. Ya pili, hadithi yake imetoka kwenye korido, yaani tungo ndefu za mashairi zilizoingia na Wahispania zikageuzwa kuwa za wenyeji, zenye wafalme, wana wa wafalme, majitu na safari za nchi ambazo mtunzi hakuwahi kuziona. Conde aliipenda sana hazina hiyo. Aliitumia tena kwenye Prinsipe Teñoso mwaka 1942 na Siete Infantes de Lara mwaka 1950. Kwa hiyo alipoamua kutengeneza filamu kuhusu mbabe wa Mongolia, hakuwa anaruka kwenda jambo geni. Hadhira yake ilikuwa imezoea kwa vizazi kusimuliwa habari za falme za mbali na watu wa kwao wenyewe, kwa lugha yao wenyewe.

Kisha vita. Wajapani waliingia mwishoni mwa 1941, utengenezaji wa filamu ukakaribia kusimama kabisa, na wasanii wakahamia kwenye majukwaa ya maigizo na nyimbo. Mapigano ya kuikomboa Manila, Februari hadi Machi 1945, yaliua raia wapatao 100,000 na kuteketeza sehemu kubwa ya mji. Filamu nyingi za kabla ya vita zilikwenda na moto huo, maana zilichapwa kwenye utepe wa nitreti, kitu ambacho kikishika moto hakizimiki kwa maji.

Nchi ikapata uhuru Julai 1946. Mwaka uliofuata Conde akafungua kampuni yake, MC Productions, na akaanza na mtu ambaye kila mtoto wa Kifilipino anamjua: Juan Tamad, yaani Juan Mvivu, yule wa hadithi anayelala chini ya mpera akisubiri pera limwangukie mdomoni. Mikononi mwa Conde, Juan akawa kioo cha nchi changa na wanasiasa wake. Mwaka 1959 alimpeleka bungeni, na mwaka 1963 akamrudisha tena kwenye siasa. Filamu hizo zilichekesha na kuuma, na ndizo zilizompa umaarufu wa kudumu nyumbani.

Mongolia iliyotengenezwa na mchoraji

Genghis Khan ilitoka mwaka 1950. Kampuni ndogo, nchi iliyotoka vitani juzi, na mada inayodai farasi, majeshi na nyika isiyo na mwisho. Conde alikuwa na kitu kimoja ambacho studio kubwa hazikuwa nacho: urafiki wa kikazi na Carlos Francisco, mchoraji wa mji wa Angono kando ya ziwa la Laguna, aliyeitwa na kila mtu Botong. Botong ndiye aliyekuja kuchora historia ya Ufilipino kwenye kuta za jengo la serikali ya jiji la Manila, na mwaka 1973, miaka minne baada ya kufariki, akatangazwa Msanii wa Taifa. Kwenye Genghis Khan alishirikiana na Conde kuandika, na mwonekano wa filamu, mavazi na vifaa vikiwemo, ni kazi ya mkono wake.

Naona hapa ndipo siri ya filamu ilipo. Mtu asiye na fedha za kujenga jumba la kifalme anahitaji mtu anayejua kupanga miili ya watu. Mchoraji wa ukutani kazi yake ndiyo hiyo: ana uso mmoja mpana na lazima aujaze watu bila kuwafanya rundo, jicho la mtazamaji lijue lianzie wapi na liishie wapi. Kwenye filamu hii umati mdogo unaonekana jeshi, na kilima cha Ufilipino kinakubalika kuwa Asia ya Kati kwa sababu kila kilichomo ndani ya fremu kimewekwa kwa makusudi.

Hadithi yenyewe haimwoneshi Genghis Khan wa vitabu vya historia, mzee aliyeteka nusu ya Asia. Inamwonesha Temujin, kijana wa kabila dogo, mwenye umbo lisilotisha, anayeingia kwenye mashindano ya kumtafuta shujaa wa mashujaa dhidi ya wanaume wenye misuli kuliko yeye. Anashinda kwa akili, na mara nyingine kwa ujanja wa wazi kabisa. Kisha kuna kabila pinzani, usaliti, mateso, na mapenzi kwa binti wa adui. Sehemu za mwanzo zina ucheshi mwingi kuliko mtu anavyotarajia kwenye filamu ya vita. Aliyeziona filamu za Juan Tamad hatashangaa. Ni mtu yule yule anayedharauliwa kisha akawazidi wakubwa kete, ila safari hii amepewa upanga, na kicheko kinakauka kadiri anavyopata nguvu.

Conde mwenyewe alikuwa mwigizaji hodari wa nafasi hiyo. Pembeni yake alikuwepo Lou Salvador, bingwa wa maonesho ya jukwaani, ambaye baadhi ya orodha zinamtaja pia kama mwongozaji mwenza. Salvador ana habari zake peke yake: katika michezo ya Mashariki ya Mbali ya mwaka 1923 anatajwa kufunga pointi 116 katika mechi moja ya mpira wa kikapu dhidi ya China. Ndivyo walivyokuwa watu wa sinema ya wakati ule, hawakuwa na fani moja.

Maneno ya Agee

Sasa tufike kwenye safari ya filamu, na hapa pana jambo ambalo mtazamaji wa Afrika Mashariki atalielewa haraka kuliko mkosoaji wa Paris.

Filamu ilizungumza Kitagalog, lugha ya watu wa Manila. Ilipotoka nje ilihitaji mtu wa kuisemea, na mtu huyo akawa James Agee. Ni mwandishi wa Kimarekani aliyekuwa ameandika uhakiki wa filamu kwa miaka kadhaa kwenye gazeti la Time na The Nation, na ambaye kwa kipindi hicho alikuwa mmoja wa wahakiki wanaoheshimiwa zaidi nchini mwake. Aliipenda Genghis Khan, akashiriki kuihariri upya na kuiandikia masimulizi ya Kiingereza. Toleo hilo ndilo lililosambazwa na United Artists.

Agee si mgeni kabisa kwetu, ingawa hatumjui. Ndiye aliyeshirikiana na John Huston kuandika mswada wa The African Queen ya mwaka 1951, ile ya mashua chakavu na meli ya vita ya Wajerumani ziwani, mambo yanayotokea Afrika Mashariki ya Kijerumani mwaka 1914. Sehemu za filamu ile zilipigwa Kongo na Uganda. Meli halisi iliyokuwa chimbuko la hadithi, Graf von Götzen, ndiyo MV Liemba ya ziwa Tanganyika ambayo watu wa Kigoma wameipanda na mizigo yao kwa miongo. Kwa hiyo ndani ya miaka michache mwandishi mmoja wa New York alizisemea Tanganyika na Mongolia, na zote mbili hazikuwa na sauti yao wenyewe humo.

Kazi aliyoifanya kwenye Genghis Khan tunaifahamu. Tanzania alikuwepo Lufufu, Kenya yupo DJ Afro, Uganda wapo wale wanaosimama mbele ya umati kwenye vibanda vya video wakiisimulia filamu ya Kihindi au ya Hong Kong kwa lugha ya waliokaa kwenye mabenchi. Msimulizi mzuri anaifanya filamu iwe yetu. Anaongeza utani, anaeleza kisichoelezwa, anaruka kinachochosha. Ukitoka hapo unakumbuka maneno yake kuliko ya waigizaji, na mara nyingi hujui kabisa aliyeiongoza filamu ni nani.

Tofauti ni kwamba Lufufu hakuondoka na nakala asilia. Ile ya Kihindi ilibaki salama Mumbai kwa mwenyewe, na masimulizi yakaishi pembeni yake kwenye kanda za kuuzwa mtaani. Kwa Conde mambo yalikwenda kinyume: filamu yenye maneno ya Agee ndiyo iliyoendelea kujulikana duniani, na ile aliyoipeleka kwenye majumba ya sinema ya Manila mwaka 1950 ndiyo iliyokosa mtunzaji. Simlaumu Agee. Bila yeye huenda filamu isingevuka hata Pasifiki. Lakini mtu akiniambia ameiona Genghis Khan ya Conde, na ni toleo lile lililozunguka nje, najiuliza ni kiasi gani cha mdundo wake ni cha Conde. Ucheshi wa Kitagalog, hasa wa mtu aliyeishi kwa mzaha wa maneno kama yeye, haupiti kwenye masimulizi ya sauti ya mgeni ukabaki mzima.

Kwa nini Japani iliweza

Mwaka mmoja kabla ya Conde, Venice hiyo hiyo ilimpa Simba wa Dhahabu mwongozaji wa Kijapani, Akira Kurosawa. Kurosawa naye hakuwa anajulikana Ulaya. Filamu yake ilifika Italia baada ya Giuliana Stramigioli, Mwitalia aliyekuwa akifanya kazi ya filamu Tokyo, kuipendekeza, na kampuni iliyoitengeneza, Daiei, haikuwa na imani kubwa nayo. Ila baada ya ushindi Daiei ilifanya nini? Mkuu wake, Masaichi Nagata, akaelewa mara moja kwamba amepata soko. Kwa miaka iliyofuata kampuni ikamimina filamu za mavazi ya kale kwenye matamasha: za Mizoguchi Venice, na mwaka 1954 ya Teinosuke Kinugasa ikachukua tuzo kuu ya tamasha la Cannes, Ufaransa. Kila moja ilikuja na ofisi nyuma yake, mawakala, nakala za kutosha, barua za kujibiwa, na filamu nyingine iliyo tayari kufuata.

Tumtazame Satyajit Ray wa India pia, maana yeye hakuwa na kampuni kubwa. Filamu yake ya kwanza iliishiwa fedha njiani, na serikali ya jimbo la West Bengal ikaingia kulipia. Ilioneshwa kwanza New York mwaka 1955, kwenye jumba la makumbusho ya sanaa za kisasa, na mwaka uliofuata ikapata tuzo Cannes. Palikuwa na serikali, hata kama ilisuasua, na palikuwa na taasisi iliyomshika mkono.

Conde alikuwa na Conde. MC Productions haikuwa Daiei. Kampuni ambayo mwenyewe ndiye mwongozaji, mwigizaji, mtoa fedha na msafiri haina wa kubaki ofisini wakati bosi yuko Venice. Akikosa kutengeneza filamu inayofuata, mishahara hailipwi; akiacha kuzunguka na ile ya zamani, soko la nje linamsahau. Serikali mpya ya Ufilipino wakati huo ilikuwa inajenga madaraja na kupambana na waasi wa Huk mashambani, na sinema ilikuwa kitu cha kutozwa kodi. Zile studio nne kubwa, LVN, Sampaguita, Premiere na Lebran, hazikuwa na sababu ya kumsafishia njia mshindani.

Ipo sababu nyingine ambayo naiona ina uzito, ingawa haitajwi sana. Kurosawa aliwapa Wazungu Japani. Ray akawapa kijiji cha Bengal. Mtazamaji wa Ulaya miaka ya 1950 alikuwa akitaka filamu ya Asia imwoneshe nchi inakotoka, kama vile tamasha ni maonesho ya biashara ya kimataifa na kila nchi ina meza yake. Conde alitoka Ufilipino akaja na Mongolia. Kwa Mfilipino aliyekulia kwenye korido hilo halina utata wowote, nchi za mbali ni mali ya msimulizi. Kwa mkosoaji wa Venice ni fumbo: hii meza ni ya nani? Naamini hapo ndipo alipoangukia kwenye ufa. Hollywood iliruhusiwa kutengeneza Roma, Misri na China bila mtu kuuliza. Mwasia wa nchi ndogo alitakiwa ajisimulie mwenyewe.

Na ajabu, nyumbani nako upepo uligeuka upande huo huo baadaye. Katika miaka ya 1970 kizazi cha mwongozaji Lino Brocka kilileta filamu za vitongoji vya Manila, umaskini na hasira, na mwaka 1978 Brocka akaoneshwa Cannes kando ya mashindano makuu. Ni filamu nzuri mno. Lakini kwa wasomaji wengi wa nje, historia ya sinema ya Ufilipino ikaanzia pale, na mtu aliyejivika uMongolia miaka zaidi ya 25 nyuma akaonekana mburudishaji wa zamani.

Mongolia ya pili

Mwaka 1956 Hollywood nayo ikatoa Genghis Khan wake, kwenye The Conqueror. Tajiri Howard Hughes alitoa fedha, dola takriban milioni 6, Dick Powell akaongoza, na John Wayne akapakwa rangi na kubandikwa masharubu kuwa Temujin. Sehemu kubwa ya picha za nje zilipigwa jangwani Utah, upande ambao upepo ulikuwa umebeba vumbi la majaribio ya mabomu ya nyuklia ya Nevada. Ni moja ya filamu zinazochekwa zaidi katika historia ya Marekani.

Hughes baadaye alizinunua nakala zake na kuzifungia, kwa miaka mingi haikuoneshwa hadharani. Ilirudi mwaka 1979, baada ya kifo chake, ikiwa salama. Ukiziweka hizi mbili pamoja unaona jinsi ubora usivyohusika. Filamu mbovu ilifichwa na tajiri, na kwa kuwa ilikuwa na mwenyewe, stoo yake na wanasheria wake, haikupata hata mkwaruzo wa kuizuia kuuzwa upya. Filamu bora haikufichwa na mtu. Ilikosa tu chumba chenye kiyoyozi.

Hilo la kiyoyozi silisemi kwa mzaha. Baada ya nitreti, filamu zilichapwa kwenye asetati, ambayo haishiki moto kwa urahisi lakini joto na unyevu vinaioza, inatoa harufu ya siki, inajikunja na kusinyaa. Manila ni joto na unyevu mwaka mzima. Studio nazo zilikufa moja baada ya nyingine. LVN iliacha kutengeneza filamu mwaka 1961. Utawala wa Marcos ulianzisha hifadhi ya filamu ya serikali mwaka 1982, nayo ikafifia utawala ulipoanguka mwaka 1986. Hifadhi nyingine ya taifa ilianzishwa mwaka 2011. Katika pengo hilo la robo karne waliokuwa wakiokoa filamu walikuwa wachache, tena wengi kwa kujitolea.

Nakala iliyosaidia ilikuwa kwenye nyaraka za Biennale ya Venice, taasisi inayoendesha lile tamasha. Wao walikuwa na desturi ya kubaki na filamu zilizowahi kuoneshwa kwao, na hawakuzitupa. Mwaka 2012, baraza la maendeleo ya filamu la Ufilipino likishirikiana na Biennale, kazi ya kuisafisha na kuirejesha ikafanywa na maabara ya L'Immagine Ritrovata ya Bologna. Mwezi Septemba mwaka huo ikaoneshwa tena Venice, katika mkusanyiko wa filamu adimu zilizofukuliwa humo kwenye nyaraka kuadhimisha miaka 80 ya tamasha.

Jambo moja dogo limewasumbua watafiti: mwaka wake. Ufilipino wanaiita filamu ya 1950, orodha nyingi za Ulaya na Marekani zinaiita ya 1952. Anayetafuta kwa mwaka mmoja anaikosa ya mwaka mwingine, na ukiongeza kwamba mwongozaji ana jina la kuzaliwa na jina la kazi, na kwamba duniani kuna filamu nyingine zenye jina lilo hilo, unaona ni rahisi kiasi gani mtu kupotelea ndani ya makaratasi bila mtu yeyote kukusudia.

Heshima yenye kesi

Conde alifariki tarehe 4 Agosti 1985. Wenzake wa zama zake walikuwa tayari wamepewa cheo cha Msanii wa Taifa: Lamberto Avellana mwaka 1976, Gerardo de León mwaka 1982. Hata Brocka, wa kizazi cha baadaye, alitangulia, mwaka 1997. Conde alisubiri mpaka 2009, mwaka mmoja baada ya msomi Nicanor Tiongson kuchapisha kitabu kizima kuhusu sinema yake. Sidhani kwamba miaka hiyo miwili kufuatana ni bahati.

Na hata hapo hakuingia kwa amani. Rais Gloria Arroyo alitangaza majina saba mwaka huo, na manne kati yake hayakuwa yamependekezwa na kamati za wataalamu. Mtunzi wa muziki aliyependekezwa akaachwa. Wasanii wakaandamana, kesi ikafika Mahakama ya Juu ya nchi, na mwaka 2013 tuzo hizo nne zikafutwa. Ya Conde haikuguswa. Ila ukisoma magazeti ya Manila ya 2009 kuhusu tuzo hizo, utakuta kurasa kwa kurasa za malumbano juu ya wale wanne na mstari mmoja mmoja kuhusu yeye.

Kwa upande wa vichekesho ukoo wake ulijitunza wenyewe, bila kusubiri kamati. Mwanawe, Jun Urbano, mwishoni mwa miaka ya 1980 alikuja kwenye televisheni na mhusika aitwaye Mister Shooli, mtu mwenye mavazi ya Kimongolia anayewahoji na kuwacheka wanasiasa wa Ufilipino kwa lafudhi ya ajabu. Kipindi kilipendwa mno. Mwaka 1991 ikatengenezwa filamu iliyomweka Mister Shooli pamoja na Juan Tamad, yaani Mmongolia wa baba na mvivu wa baba katika hadithi moja, na watazamaji wengi vijana wakacheka bila kujua kwamba yule Mmongolia wa kwanza alishawahi kupelekwa Venice.